Sura ya Tisa: Mafuta ya Zeituni

Mapenzi ni kikohozi, hayafichiki, na ya Mwanabibi na mwalimu Evarist yalikuwa yamekohoa mwaka mzima pale Mbamba Bay kabla habari hazijapanda milima na kufika Mapera. Zilipofika, Mzee Sixtus, baba yake Evarist, alimtumia mwanawe maneno machache: "Mlete huyo nesi wako. Jumapili apike, wanaume wa ukoo wale kwenye sengu, kisha nitasema."

Basi Mwanabibi akapanda lori siku ya Jumamosi, akaliacha joto la ziwa na kuingia kwenye baridi ya Umatengo na kikapu mapajani. Alikuwa mtoto wa Pangani, binti wa Kiislamu, nesi wa Serikali mwenye miaka ishirini na minne. Huko alikokuwa anakwenda kuposwa, au kukataliwa, walikuwa Wakatoliki tangu enzi za babu, watu wa kahawa na mahindi, na hakuna kijana wao aliyewahi kuleta nyumbani msichana asiyebatizwa. Mwingine angebeba doti za kanga za kumlainisha mama mkwe. Mwanabibi alibeba usipa wakavu, wale dagaa wa ziwani, limau nne, vitunguu saumu, fungu la mrehani ndani ya kitambaa kibichi, na chupa ya mafuta aliyoiviringisha kwenye gauni lake la kazi ili isivunjike.

Alikuwa na sababu yake. Mzee Sixtus alikuwa na ugonjwa wa sukari. Mwezi wa nne Evarist alimteremsha hadi hospitali ya misheni kando ya ziwa, na daktari akamwambia aache ugali, viazi, mihogo na pombe. Mzee alicheka, akauliza akishaacha hivyo vyote abaki anakula nini, mawe? Hakuna aliyemjibu, akarudi kwake, akaendelea kula ugali. Lakini Mwanabibi alikuwa na jibu. Alipokuwa anajifunza unesi alikaa jikoni na Sista Hildegardi, mtawa mzee aliyewahi kuishi Italia miaka minane, mgonjwa wa sukari kama mzee. Sista alikuwa ameishi na ugonjwa ule miaka ishirini kwa kupika tambi zisizo na unga.

Jumapili hiyo, watu walipotoka Misa, Mwanabibi alikuwa amekwisha kukaa kwenye kigoda jikoni, kisu mkononi.

"Boga hilo bado changa," alisema Mama Gertruda, mke wa mzee. Alikuwa ameinjika maji ya ugali upande wa pili wa moto. "Kwetu tunaliacha likomae."

"Ndivyo nilivyolitaka, mama. Likikomaa linakuwa na sukari."

Alilikata kwa urefu, vipande vyembamba vya kuonyesha mwanga, akavilaza kimoja juu ya kingine, akavikata tena kwa urefu mpaka zikatoka nyuzi ndefu za kijani na nyeupe. Akazinyunyizia chumvi, akaziacha zitoe maji, kisha akazikamua kwa viganja. Mama Gertruda alikuwa anamtazama kwa pembe ya jicho.

"Ni tambi hizo?"

"Tambi za boga, mama. Hazina unga hata chembe. Na zinaiva upesi. Maji yako ya ugali hayajachemka, mimi nitakuwa nimeipua."

"Chakula cha upesi ni cha watoto," alisema Mama Gertruda, lakini akasogea kidogo aone vizuri.

Mwanabibi akatabasamu moyoni. Evarist alikuwa amemwambia kwamba mama yake ana mdomo mkali lakini hana roho mbaya, na kule kusogea alikuona ni nusu ya ndiyo. Akazibua chupa, akamimina mafuta kwenye sufuria. Yalikuwa mazito, ya kijani, na moto ulipoyagusa jiko zima likajaa harufu yake.

"Mafuta gani hayo?"

"Ya zeituni, mama. Sista huletewa kutoka Italia kwa meli, akanigawia. Kwetu zeituni ni mti wa baraka, umetajwa ndani ya Kurani."

Mwiko wa Mama Gertruda ulisimama ndani ya chungu. "Ya zeituni," alisema taratibu.

"Ndiyo, mama."

Mama Gertruda alifuta mikono kwenye kanga yake, akainama, akatoka. Mwanabibi akadhani amefuata kuni.

Maskini binti wa watu, hakuwa na habari. Alikaanga kitunguu saumu mpaka kikageuka rangi, akapondea usipa ndani yake, maana Sista alisema samaki wadogo wa Italia walikuwa vivyo hivyo, akatia nyanya, zikapondeka, akazitupa zile tambi na kuzigeuza mara tatu nne. Akaipua. Akakamulia limau, akachana mrehani juu yake. Huko kwao Pangani mrehani ni wa harusini, huchanganywa na asumini ukafanywa kikuba cha bibi harusi. Alikaa pale kwenye moshi na harufu ya harusi ikimpanda puani, akajiruhusu kufurahi.

Kivuli kikaziba mlango. Alikuwa Evarist, katika shati lake jeupe la kanisani, mrefu mpaka akalazimika kuinama. Walitazamana. Tangu jana walikuwa hawajapata nafasi hata ya kugusana vidole, na macho yao yalifanya kazi ambayo mikono ilikatazwa.

"Inanukia kama kwako," alinong'ona.

"Kwangu wapi?"

"Kibarazani. Ijumaa."

Mwanabibi akainamisha uso. Kila Ijumaa ya mwaka ule, siku ambayo Mkatoliki hali nyama, mwalimu alikuwa anapita kwake jioni, wanakaa kibarazani mbele ya macho ya watu, wanakula tambi hizi hizi kwa mafuta haya haya, na yeye hulamba vidole mpaka akachekwa. Hapakuwa na kingine kati yao zaidi ya sahani ile na maneno.

"Naogopa, Evarist."

"Unaogopa nini? Unajua desturi yetu. Mwanamke mgeni akileta chungu kwenye sengu, mkono wa kwanza ni wa yule aliyemleta. Akishakula yeye, mzee anakula, na mzee akishakula hakuna wa kusema neno. Nitakaa karibu na Baba. Mkono wa kwanza ni wangu."

"Niahidi."

"Nimekuahidi, Mwanabibi. Nimekula Ijumaa zote hizo, nitashindwa Jumapili moja?"

Akaondoka haraka, maana kulikuwa na sauti za wanaume uani.

Sengu ya Wamatengo ni mlo na ni baraza. Wanaume wa ukoo hukaa pamoja nyumbani kwa mkubwa wao, kila mke akaleta chakula chake, wakala na kusemezana mpaka jambo likaisha. Chungu kinachokwisha ni sifa ya aliyekipika, na kinachorudi jikoni kikiwa kimejaa, aibu yake hurudi nacho. Siku hiyo walikuwa saba. Mzee Sixtus alikaa katikati, mkongojo mkononi, mguu wake wa kulia umefungwa kitambaa na kunyooshwa mbele. Evarist alikuwa ubavuni mwake kama alivyoahidi.

Mwanabibi alipiga magoti, akatua sufuria.

"Shikamoo, Baba."

"Marahaba, mwanangu. Mgeni njoo, mwenyeji apone. Na mimi mwenyeji nahitaji kupona kweli." Wanaume wakacheka. "Umetuletea nini?"

"Nimekuletea chakula ambacho daktari hakukikataza, Baba."

Uso wa mzee ukafunguka, kama wa mtu aliyengojea jibu tangu mwezi wa nne. Mwanabibi akafunua sufuria, mvuke ukapanda, na hapo hapo sauti ikatoka nyuma yake.

"Kaka, kabla hamjagusa."

Alikuwa Mansuetus, mdogo wake mzee, katekista wa Mapera, mtu mpole aliyependwa na watu. Mama Gertruda alisimama nyuma yake, mdomo ameufunika kwa kanga.

"Dada nesi, chakula hiki umekipika kwa mafuta gani?"

"Ya zeituni, baba mdogo."

 Mansuetus akashusha pumzi.

"Sisi tunayajua," alisema. "Mimi ndiye ninayemshikia padre kichupa akienda kutoa Mpako wa Mwisho. Miaka kumi na tisa nimekishika. Mafuta haya hayajawahi kuingia nyumba ya mtu hapa ila mwenye nyumba anaagwa. Leo yameletwa kwa mgonjwa, ndani ya chungu, na mtu asiye wa dini yetu. Sisemi una nia mbaya, binti yangu. Nasema tumeona."

"Kilian walimpaka Jumanne asubuhi," alisema Mama Gertruda kwa sauti ya chini. "Hapa, na hapa, na hapa." Aligusa macho, masikio, viganja. "Kabla ya adhuhuri nilikuwa namwosha. Harufu hii hii. Ilikaa kwenye shuka mpaka nikaichoma ile shuka."

 Mwanabibi alimjua Kilian kwa masimulizi tu, mtoto wa kwanza wa nyumba hii, aliyekufa kwa homa miaka sita iliyopita. Evarist alimsimulia habari zake Ijumaa moja kibarazani, lakini hakumwambia kuhusu mafuta.

"Nisameheni, mama, nisameheni wazee wangu," alisema. "Sikujua. Ya padre yameombewa. Haya ni ya jikoni tu, huko yanakotoka watu wanakaangia samaki. Nimeyaleta kwa sababu nataka Baba aishi."

Neno la mwisho lilikuwa kweli, akalisema vizuri, na mmoja wa wale wanaume akaitikia kwa kichwa. Kama kuna wakati jambo lingeweza kuokolewa, ulikuwa ule. Mwanabibi akainua macho kwa Evarist. Mkono, alimwambia kwa macho. Mkono tu.

Mzee Sixtus naye akageuka.

"Evarist."

"Naam, Baba."

"Wewe ndiye uliyemleta. Chakula hiki unakijua?"

Kuku alipita katikati ya uwanja, akadonoa, akapita. Evarist alitazama sufuria, akamtazama mama yake, akamtazama baba yake mdogo katekista. Akisema anakijua, itabidi aseme alikilia wapi, na mara ngapi, na nani alikuwepo. Na labda aliiona shuka ya Kilian pia, maana siku ile yeye ndiye aliyeshika mshumaa. Tusimwonee, alikuwa na mengi kifuani. Lakini jibu alilotoa lilikuwa fupi.

"Sikijui, Baba."

Kisha akanyoosha mkono, akamega ugali wa mama yake.

Mwanabibi akafunika sufuria, akainuka nayo, akaibeba mpaka jikoni. Hakulia. Alikaa kwenye kile kigoda, akatazama maganda ya boga miguuni pake mpaka sengu ikavunjika bila mzee kusema lolote.

Alasiri watu wote walikwenda kanisani kwenye ibada ya Baraka. Nyumba ilikuwa kimya, kahawa imetandazwa uani kwenye mikeka, ukungu umeanza kushuka kutoka kilimani. Mwanabibi alikuwa anafunga kikapu chake aliposikia mkongojo unagonga mlangoni.

"Nesi, nina kidonda," alisema Mzee Sixtus. "Hiyo angalau ni kazi yako, hawawezi kuikataa."

Alimkalisha, akafungua kitambaa. Kidole gumba kilikuwa cheusi mpaka kwenye shina, na weusi umekwisha kuanza kupanda unyayoni. Alikuwa ameona miguu ya namna ile hospitalini, na alijua ilivyoishia.

"Baba, kesho twende pamoja na lori. Usingoje."

"Wataukata."

"Chini ya goti. Lakini utaishi."

"Mtu wa milima hii mwenye mguu mmoja atashukaje kwenye ngoro zake, mashimo yetu ya kulimia mteremkoni? Atalima kwa kutambaa?" Mzee akatikisa kichwa. "Hapana, mwanangu. Nimeshafikiri. Hebu lete ile sufuria."

"Kimepoa, Baba."

"Na mimi nimepoa. Lete."

Alizila tambi zile kwa mkono, polepole, akizinyanyua juu na kuzishusha mdomoni, ndevu zikaloa mafuta. Alikula nusu ya sufuria. Akakamua limau nyingine, akaendelea.

"Kitamu," alisema. "Kama hiki ndicho kifo, basi kina kitunguu saumu cha kutosha."

Mwanabibi akacheka, na kicheko kikamtoa machozi ambayo alikuwa ameyazuia tangu adhuhuri. Mzee akamwacha alie, akapangusa vidole vyake.

"Mwanangu anakijua chakula hiki," alisema. "Ulipofunua sufuria nilikuwa namtazama yeye, si wewe. Alimeza mate kabla hajaogopa. Nikamuuliza makusudi, nimfungulie mlango. Angesema 'nakijua, Baba, kitamu,' ningekula papo hapo, na Mansuetus na kichupa chake wangekaa kimya. Nilikuwa nangoja mkono wake. Sikuwa nangoja dini yako."

"Baba, usinieleze haya."

"Nitakueleza, kwa sababu sina muda mrefu. Mimi nasema ndiyo. Nitalisema jioni hii mbele yao wote. Kama unamtaka, umpate, na padre nitamwona mwenyewe." Akashika mkongojo wake, akajiinua kwa shida. "Lakini wewe ni mtu mzima. Umemsikia kama nilivyomsikia mimi."

Alilisema kweli jioni ile, na Evarist alikuja mbio jikoni uso unang'aa.

"Umesikia? Baba amekubali! Mwanabibi, amekubali!"

"Nimesikia."

Alitaka kumshika mikono, Mwanabibi akairudisha nyuma. Jinsi alivyompenda kijana yule. Hata wakati ule, shati lake jeupe likinuka ubani wa kanisani, alitamani kuweka kichwa kifuani pake na kusahau kila kitu.

"Umenikasirikia kwa la mchana," alisema Evarist. "Nililinda heshima yako. Wangejua nilikuwa nakuja kwako kila Ijumaa, wangekufikiriaje?"

"Mbamba Bay nzima inajua. Tulikaa kibarazani ili watu wajue."

"Hapa ni tofauti. Ni nyumbani."

"Ndiyo. Na mimi ndiko nilikokuwa nataka kuja, nyumbani."  "Uliulizwa habari ya chakula tu, Evarist. Siku utakayoulizwa habari ya mtoto, mwenye jina la kwetu na sura ya kwenu, utasemaje?"

"Mwanabibi, nilipatwa na hofu dakika moja."

"Najua. Nami nakupenda, sitakudanganya. Lakini nitaishi nikiingoja dakika nyingine. Kila nikipika, kila wageni wakija, nitakuwa nakutazama mkono. Siwezi."

Alimbembeleza mpaka maneno yakamwisha. Alimkumbusha siku ya kwanza, alimkumbusha ziwa. Mwanabibi hakumkatiza, na mwisho alimwambia tu kwamba lori linaondoka alfajiri.

Alfajiri kulikuwa na baridi ya kuuma mifupa. Alikuta moto umewashwa jikoni, na Mama Gertruda amekaa kwenye kigoda, boga changa mapajani, kisu mkononi. Hakuwa amelala, macho yake yalionyesha.

"Mzee amelala vizuri," alisema bila kusalimia. "Ameniambia alikula. Ameniambia hajashiba hivyo tangu mwezi wa nne." Alikigeuza kisu. "Nionyeshe wanavyokata."

"Mama, chakula peke yake hakitoshi sasa. Mguu ule uende hospitali wiki hii."

"Amekataa."

"Najua. Nilimwomba."

"Basi nionyeshe."

Mwanabibi akakaa chini, akaweka mikono yake juu ya mikono ya yule mama, wakakata pamoja. Vipande vya kwanza vilitoka vinene, vya pili vikatoka vizuri. Alimwonyesha chumvi, alimwonyesha kukamua, alimhesabia mara za kugeuza. Mama Gertruda alirudia kila neno kwa midomo kama anasali rozari. Walipofika kwenye mafuta alinyoosha mkono mwenyewe, akaishika chupa, akainusa, akafumba macho. Hakuiachia.

"Sikukutaka," alisema. "Nisikufiche."

"Najua, mama."

"Wewe mtu mzuri. Lakini sikukutaka."

Honi ya lori ikalia barabarani. Evarist alikuwa amesimama mlangoni tangu lini, hakuna aliyejua, kikapu cha Mwanabibi mkononi mwake, macho mekundu.

Mwanabibi akasimama, akajifunga kanga vizuri. "Chupa ibaki, mama. Limau mbili zipo, na mrehani ukiuchomeka kwenye maji utatoa mizizi."

"Na nikisahau?" Mama Gertruda aliuliza kwa wasiwasi, tambi zimemjaa viganjani. "Wewe umekwenda, nani hapa nitamuuliza kama nimepatia?"

"Muulize Evarist," alisema Mwanabibi. "Anakijua. Amekila mwaka mzima."

Mama Gertruda akageuka polepole, akamtazama mwanawe.  Mwanabibi akampokea kikapu, kilikuwa chepesi sasa, akapita kati yao akaenda kupanda lori.